Shajara ya Chuo cha Maandishi ya Walimwengu, Wete

Maelezo ya awali

Chuo kinachoandikiwa shajara hii ni cha kubuni. Tumekifikiria kuwa ni mahali panapopokea maandishi kutoka walimwengu wengi, kila ulimwengu ukiwa na hati yake, vifaa vyake vya kuandikia na balaa lake linalotishia kuyafuta maandishi hayo. Kazi ya Chuo ni kuyahifadhi ili mtu atakayekuja baada ya balaa, asiyemjua mwandishi wala hati yake, aweze kuyasoma. Kisichokuwa cha kubuni ni chumba tulichokodi, makabati, vibao vya udongo, majani na fedha iliyotutoka. Tunaandika kwa ajili ya wale watakaopenda kufanya kazi kama hii shuleni au mtaani kwao, kwa hiyo hatua zilizokwenda sawa tumezifupisha, na zile zilizotusumbua tumezirefusha.

20 Januari 2024: Chumba na mpango

Tumepata chumba cha ghorofani hapa Wete, kisiwani Pemba, juu ya duka lililofungwa, kwa kodi ya shilingi 60,000 kwa mwezi. Sisi ni walimu watatu, fundi seremala mmoja na kijana anayetengeneza kompyuta na simu, na kila mmoja anachangia shilingi 30,000 kwa mwezi. Makabati manne ya mbao yamegharimu shilingi 480,000 pamoja na ujira, jambo ambalo anayetaka kutufuata anaweza kuliepuka kwa kuanza na masanduku.

Walimwengu ni wanne kwa kuanzia. Ulimwengu wa Moto huungua kila baada ya miaka kadhaa. Ulimwengu wa Mvua haukauki kamwe. Watu wa Ulimwengu wa Kamba husuka habari zao badala ya kuziandika, na wale wa Ulimwengu wa Nuru huandika kwenye vioo vya mashine tu, hawana karatasi wala wino. Kando ya makabati hayo kuna rafu ya ukutani, nayo ni ya ulimwengu wetu sisi wenyewe, yaani Kiswahili kilivyoandikwa kwa herufi za Kiarabu kabla ya herufi za Kirumi kuenea.

Ulimwengu wa Kamba ndio ulioleta ubishi kikao cha kwanza. Wainka wa Peru waliweka hesabu zao kwa mafundo ya kamba yanayoitwa khipu. Mpangilio wa tarakimu katika mafundo hayo umekwisha kufahamika, lakini kama kamba hizo zilibeba pia maneno ni jambo ambalo wataalamu hawajaafikiana. Baadhi yetu walisema kwamba kitu kisichoweza kutamkwa si maandishi, na Chuo cha maandishi kisikipokee. Wengine walijibu kwamba Chuo kikikataa kila kisichoeleweka, kitakuwa kimeamua kabla ya kusoma. Kabati limebaki, lina ukili wa rangi mbili wenye mafundo uliosukwa na mama wa mmoja wetu, na juu yake kuna karatasi isemayo kuwa hati hii imepokelewa bila kusomwa. Kwa maoni yangu hilo ndilo kabati la kweli kuliko yote.

18 Februari 2024: Vibao vya udongo

Kwa Ulimwengu wa Moto tulitaka kitu ambacho moto haukiharibu bali hukikamilisha, na mfano wake ni wa kihistoria. Mji wa Ninawi, katika Iraq ya leo, ulipotekwa na kuchomwa mwaka 612 kabla ya Kristo, maktaba ya mfalme Ashurbanipal ilianguka pamoja nao, lakini vibao vyake vya udongo vilibaki chini ya kifusi, na leo vibao hivyo na vipande vyake vipatavyo 30,000 vimo katika British Museum jijini London. Katika kisiwa cha Krete na Ugiriki ya kale, makarani wa majumba ya kifalme waliandika hesabu zao kwa hati iitwayo Linear B kwenye udongo uliokaushwa tu bila kuokwa. Vibao hivyo havikukusudiwa kudumu, na ni ule moto ulioziteketeza ikulu hizo uliovioka, vikapita miaka 3,000.

Tulichimba udongo ukingoni mwa bonde la mpunga, usafiri wa gari la ng'ombe ukatugharimu shilingi 20,000. Tulivitengeneza vibao vya ukubwa wa kiganja, tukaviandika kwa ncha ya mwanzi, tukavianika, kisha tukavichoma uwanjani kwa makumbi na makuti makavu. Karibu vyote vilipasuka, vingine kwa mshindo. Bi mkubwa mfinyanzi tuliyempelekea vipande alikishika kimoja, akakivunja kwa vidole na kutuonyesha ndani: "Wanangu, hivi mmevikausha ngozi tu, nyama bado mbichi. Na udongo mtupu hauwezi moto, utieni chenga."

Maelezo yake yalikuwa kamili. Maji yaliyobaki ndani ya kibao kinene hugeuka mvuke motoni, na mvuke usipopata njia hukipasua kibao. Chenga za vyungu vya zamani vilivyopondwa hufungua njia hiyo, na pia hupunguza kunywea kwa udongo unapokauka. Alituelekeza tuchanganye kipimo kimoja cha chenga kwa vinne vya udongo, tusizidishe unene wa kidole kimoja, tukaushe kivulini na kuvigeuza kila siku, kisha moto uanze mdogo na kuongezwa taratibu. Ujira wake kwa mafunzo na kwa uchomaji wa pili ulikuwa shilingi 80,000, na uchomaji huo ulitoa vibao vizima isipokuwa vichache vya pembeni.

Tatizo la pili halikuwa la moto. Tulikuwa tukiandika kwa kukwaruza, na kila mkwaruzo uliinua ukingo wa udongo pande zake mbili. Kingo hizo zilikatika baada ya kuchomwa na kuharibu umbo la alama, hasa pale mistari ilipopinda. Tulipoacha kukwaruza tukaanza kubonyeza kwa ukingo wa mwanzi uliokatwa mraba, alama zilitoka safi, lakini mistari ya kupinda ikawa haiwezekani tena, ikabidi hati nzima ya Ulimwengu wa Moto ibuniwe upya kwa mibonyezo iliyonyooka. Hapo ndipo tulipoelewa kwa mikono yetu kwa nini hati ya Wasumeri, watu wa kale wa Iraq ya leo, iliyoanza kwa michoro ya vitu, iliishia kuwa mikusanyiko ya kabari. Anayetaka kubuni hati, na achague kwanza kitu cha kuandikia na kalamu yake, kisha ndipo achore alama, kwa kuwa sisi tulianza na alama na tukazitupa.

Uchomaji wa mwisho pamoja na vibao vya akiba uliongeza shilingi 20,000. Jumla ya kabati la Moto ni shilingi 120,000.

24 Machi 2024: Herufi za mashine

Kazi hii imefanyika usiku baada ya tarawehe. Ulimwengu wa Nuru una hati ya silabi inayoandikwa kutoka kulia kwenda kushoto, na kijana wetu wa kompyuta alipewa jukumu la kuitengenezea fonti, yaani faili yenye maumbo ya herufi.

Alianza kwa njia ya mkato, yaani alichukua fonti ya kawaida, akafuta umbo la herufi A na kuchora alama yetu mahali pake, kisha B, na kuendelea. Kwenye kompyuta yake maandishi yalionekana vizuri. Tulipoyatuma kwenye simu zetu tuliona fujo ya herufi za Kirumi zisizo na maana, kwa sababu mashine ilikuwa imehifadhi A na B, na umbo letu lilikuwa vazi tu ambalo simu zetu hazikuwa nalo. Kwa chuo cha kuhifadhi, hili ni balaa baya kuliko moto, kwa kuwa maandishi yamepotea ilhali faili ipo salama.

Utaratibu wa kimataifa wa Yunikodi, uliotolewa kwa mara ya kwanza mwaka 1991, huipa kila herufi ya kila hati namba yake yenyewe. Toleo la 15.1, lililotumika mwanzoni mwa 2024, lilikuwa na hati 161, zikiwamo za Afrika kama N'Ko iliyobuniwa na Solomana Kanté mwaka 1949, na Adlam iliyobuniwa na ndugu wawili wa Guinea, Ibrahima na Abdoulaye Barry, mwishoni mwa miaka ya 1980 na kuingizwa katika Yunikodi mwaka 2016. Hati ya kubuni isiyo na jamii inayoitumia, kama yetu, kwa kawaida haipewi namba rasmi, lakini kuna eneo la nafasi 6,400 lililoachwa wazi kwa matumizi binafsi, nasi tukahamia huko. Sasa asiye na fonti anaona viboksi vitupu, na hilo ni nafuu, kwa kuwa kiboksi kitupu kinasema ukweli kwamba kuna alama ambayo mashine haiijui, kuliko A inayodanganya.

Kisha likaja jambo ambalo hakuna aliyelitegemea. Nafasi za matumizi binafsi zimewekwa katika Yunikodi kuwa za mwelekeo wa kushoto kwenda kulia, kwa hiyo kila sentensi yetu ilitoka kinyumenyume. Kuna alama maalumu zisizoonekana za kulazimisha mwelekeo, tulizijaribu, lakini kila maandishi yaliponakiliwa kutoka programu moja hadi nyingine zilidondoka njiani. Baada ya kushindana nazo kwa majuma tuliamua kwamba watu wa Nuru wataandika kutoka kushoto. Fundi seremala wetu, ambaye hakuwa ameipenda kazi ya mashine tangu mwanzo, alisema kuwa ulimwengu mzima umegeuzwa upande kwa sababu ya jedwali la mtu wa mbali, na sikuona la kumjibu.

Jedwali la namba na alama limechapishwa kwenye karatasi na kuwekwa kabatini, kwa kuwa fonti yenyewe ni faili, na faili nayo yataka msomaji. Uchapishaji umegharimu shilingi 45,000.

12 Mei 2024: Masika

Mvua za mwaka huu zimekuwa kubwa, na tulipofungua chumba baada ya siku za mvua mfululizo tulikuta ukungu wa kijani na mweupe juu ya majalada ya rafu ya ukutani, juu ya jedwali la alama za Moto na juu ya ukili. Vibao vya udongo havikuguswa.

Kwa kuwa tuko Pemba, jibu la kwanza la kila mtu lilikuwa karafuu. Tulinunua mafuta ya karafuu ya shilingi 30,000, tukapangusa nayo majalada na kingo za kurasa. Ni kweli kwamba kiini cha mafuta hayo, kinachoitwa yujenoli, huua aina nyingi za kuvu na hufukuza wadudu, lakini mafuta yalipenya karatasi na kuacha madoa ya kahawia, na kurasa kadhaa sasa zinaonekana kana kwamba zimefungiwa maandazi. Baadaye tulishona vifuko vya bafta vya karafuu kavu, shilingi 12,000, tukavitundika kabatini. Madoa hayakutokea tena, wadudu walipungua, chumba kilinukia vizuri, na ukungu uliendelea kama kawaida.

Tulichokosa kilikuwa kipimo. Tulinunua kipima unyevu kwa shilingi 35,000 na kukuta kuwa hewa ya chumba ilikuwa juu ya asilimia 85 kwa siku nyingi, ilhali ukungu huanza kustawi unyevu unapopita takriban asilimia 65 hadi 70. Hakuna harufu inayopunguza unyevu. Dawa iliyofanya kazi haikuwa ya kisasa: makabati yamesogezwa kiganja kimoja kutoka ukutani, kwa sababu ukuta wa mawe hunyonya maji na kuyatoa upande wa ndani, migongo ya makabati imetobolewa matundu, madirisha yanafunguliwa mchana mvua inapokatika na kufungwa magharibi, na feni ya shilingi 85,000 huzungusha hewa umeme unapokuwapo. Unyevu haukushuka hadi kiwango tulichotaka, lakini hewa inayotembea haikuupa ukungu nafasi ya kutulia. Vitabu vilivyokwisha kuota vilipelekwa nje kwenye kivuli chenye upepo, vikakauka kabisa ndipo vikapigwa brashi, kwa sababu ukungu mbichi ukiupangusa unaupaka tu.

Jedwali la alama za Moto halikuokoka. Lilikuwa nakala moja, karatasi moja. Halikutuuma sana siku ile, kwa kuwa sote tulizijua alama zile kwa moyo, na hilo ndilo lililotupa wazo la jaribio lililofuata.

22 Juni 2024: Wasomaji wasiotujua

Tulimwomba maalimu wa shule moja atuletee wanafunzi wa kidato cha pili ambao hawajawahi kuona kazi yetu. Waliambiwa kwamba wao ni watu waliofika baada ya moto, kwamba kila mwenyeji amekwisha kufa, na kwamba vibao vilivyo mbele yao ndivyo vilivyobaki. Lugha iliyomo vibaoni ni Kiswahili, ni hati tu iliyo ngeni, kwa sababu kubuni lugha nzima kungezidi uwezo wetu.

Hawakuwa mikono mitupu. Tulikuwa tumeweka kibao kikubwa chenye maandishi mara mbili: shairi la tarbia la beti mbili kwa hati ya Moto, na shairi hilo hilo kwa herufi za Kirumi. Mfano wetu ulikuwa lile jiwe la Rosetta lililopatikana Misri mwaka 1799, lenye habari moja kwa hati tatu, lililomwezesha mtaalamu Mfaransa Champollion kutangaza mwaka 1822 jinsi hati ya kale ya Misri inavyosomwa.

Wanafunzi walishindwa. Walikaa asubuhi nzima na hawakupata hata silabi moja waliyokuwa na hakika nayo. Tulipowauliza kilichowazuia, majibu yao yalikuwa na akili kuliko kibao chetu. Shairi limejaa maneno yanayotokea mara moja tu. Mgawanyo wa mistari ya vipande viwili haukulingana pande zote mbili, kwa hiyo hawakujua wapi waanzie kulinganisha. Vina vilijirudia, lakini kila upande ulikuwa na marudio mengine mengi yaliyowapoteza. Na hati yetu ina zaidi ya alama 160, kwa sababu Kiswahili kina konsonanti nyingi pamoja na zile zinazotanguliwa na nazali kama mb, nd na ng, na kila moja huzidishwa kwa irabu tano. Beti mbili hazitoshi kuzionyesha hata nusu.

Hifadhi yetu ilikuwa timamu na haikusomeka. Hali hiyo si ya kubuni. Hati ya Meroe, katika Sudan ya leo, imejulikana namna ya kutamkwa tangu mwanzoni mwa karne ya 20 kwa kazi ya mtaalamu Mwingereza Griffith, lakini lugha yake bado inaeleweka kwa sehemu ndogo tu. Na mbao za rongorongo za kisiwa cha Rapa Nui katika bahari ya Pasifiki, ambazo zimebaki kama dazeni mbili, hazijasomwa na mtu yeyote. Mbao hizo zipo makumbusho, ndani ya vioo, zimetunzwa vizuri.

11 Agosti 2024: Majina ya miji

Tumerudi kwenye Linear B, safari hii si kwa ajili ya udongo bali kwa ajili ya namna ilivyosomwa. Mwingereza Michael Ventris aliisoma mwaka 1952 bila jiwe lolote la hati mbili. Alikuwa na jedwali la alama zinazoelekea kushirikiana konsonanti au irabu, kisha akakisia kwamba baadhi ya maneno ni majina ya miji ya Krete: Knossos, Amnisos, Tulissos. Majina hayo katika hati ile huandikwa ko-no-so, a-mi-ni-so, tu-ri-so, na yanashirikiana silabi, kwa hiyo kila moja lilithibitisha jingine.

Basi tulilitupa shairi, pamoja na huzuni ya mwalimu aliyelitunga, tukatengeneza kibao cha majina ya miji na vijiji vya Pemba. Hakuna hati ya pili pembeni, ila mchoro wa kisiwa wenye nukta, na alama kando ya kila nukta. Uteuzi wa majina ndio uliochukua muda. Chake Chake ni lazima, kwa sababu ndilo jina ambalo alama zake mbili hujirudia kwa mpangilio ule ule, na jicho huliona kabla ya akili. Kengeja huanza na alama ile ile inayomalizia Chake. Wete hutoa we, nayo imo ndani ya Micheweni. Micheweni humalizikia ni, sawa na Mkoani na Pujini. Mkoani ina ko, nayo ndiyo mwanzo wa Konde. Pujini na Vitongoji hukutana kwenye ji. Na Wawi na Wambaa huanza sawa. Mtambile tumeiweka kwa ajili ya ile m isiyo na irabu, ambayo imo pia katika Mkoani.

Maalimu alileta kundi jingine la wanafunzi. Msichana mmoja aliinua mkono kabla sijamaliza kueleza masharti: "Maalimu, hii si Chake Chake?" Wakamshika neno. Kutoka ke walikwenda Kengeja, kutoka mchoro walikwenda Wete, na kufika adhuhuri walikuwa na orodha ya silabi za kutosha kuanza kukisia maneno ya vibao vya kawaida, ambavyo ni hesabu za nazi na mpunga. Walikosea silabi mbili, wakazirekebisha wenyewe walipoona kwamba zinaleta neno lisilokuwapo.

Kikao cha jioni kilipitisha kanuni ya kwanza ya Chuo iliyopata kura zote: hakuna ulimwengu utakaopokewa bila ufunguo, na ufunguo ukae pamoja na maandishi yenyewe, si kwenye karatasi pembeni. Mmoja wetu alikumbusha kuwa rekodi za dhahabu zilizopelekwa angani na vyombo vya Voyager mwaka 1977 zimechorwa maelekezo ya kuzichezesha juu ya jalada lake lenyewe. Aliongeza kwamba salamu zilizomo ni za lugha 55, zikiwamo Kisumeri na Kiakadi ambazo hazina msemaji kwa maelfu ya miaka, na Kiswahili hakimo. Hilo lilituchelewesha nusu saa nzima nje ya ajenda.

Vibao vikubwa vya ufunguo vya makabati mengine vimechongwa kwenye mbao kwa shilingi 60,000. Ulimwengu wa Kamba bado hauna ufunguo, na kwa kanuni yetu wenyewe ungepaswa kutolewa. Umepewa msamaha kwa kuwa uliingia kabla ya kanuni.

29 Septemba 2024: Vitabu vya majani

Kwa Ulimwengu wa Mvua tulifuata njia ya India, Sri Lanka na Bali, ambako vitabu viliandikwa kwenye majani ya mitende ya jamii mbalimbali. Majani ya mnazi tuliyoanza nayo, kwa kuwa ni bure, hayakufaa: ukanda wake ni mwembamba, na ukikauka hukatika kila unapokunjwa. Majani ya mvumo tuliyaagiza kutoka Tanga, shilingi 40,000 pamoja na usafiri wa chombo. Tuliyakata, tukayachemsha pamoja na manjano, tukayakausha chini ya mbao nzito na kuyasugua kwa kaure mpaka yakawa laini.

Huandiki kwa wino. Unachora kwa ncha ya chuma, shilingi 10,000 kwa mhunzi, kisha unapaka masizi yaliyochanganywa na mafuta na kupangusa. Weusi hubaki ndani ya mchoro tu. Mistari mirefu inayofuata mishipa ya jani ililichana jani hilo, kwa hiyo hati ya Mvua imekuwa ya mviringo kwa lazima, kinyume kabisa cha hati ya Moto. Mafuta ya mchaichai, shilingi 15,000, hupakwa mara kwa mara dhidi ya wadudu, nayo hayakuacha madoa kama yale ya karafuu kwenye karatasi.

Hata hivyo jani halidumu milele katika nchi ya mvua, na wenye desturi hiyo walilijua: kitabu kikichoka hunakiliwa. Kwa hiyo kabati la Mvua halina kitabu kimoja kinachotunzwa, lina zamu. Kila mwaka mtu mmoja atanakili kitabu kizima, na mwingine asiyehusika atalinganisha.

27 Oktoba 2024: Rafu yetu

Hii imechukua muda mfupi. Tumeandika kurasa chache za Kiswahili kwa herufi za Kiarabu kwa mtindo wa zamani, ambao hauna herufi za p, ch, v wala g na una alama tatu tu za irabu, kisha kwa mtindo uliokamilishwa kwa herufi za nyongeza. Msomaji wa mtindo wa zamani hawezi kutofautisha kuku na koko, wala mboga na boga, isipokuwa kwa kujua lugha. Waliokulia katika vyuo vya Kurani walisoma bila taabu. Vijana walisoma herufi na kupoteza maneno.

Tumeongeza bapa la bega la ng'ombe kutoka buchani, kwa kumbukumbu ya Salme binti Said, binti wa Sultani, aliyejifunza kuandika kwa siri Unguja akitumia mfupa wa bega la ngamia, wakati ambapo wasichana hawakufundishwa kuandika. Wino wa masizi uliteleza juu ya mfupa kwa sababu ya mafuta yaliyobaki ndani yake. Tuliuchemsha tena kwa maji ya magadi na kuuanika juani mpaka ukawa mweupe, ndipo ukashika. Gharama shilingi 5,000.

30 Novemba 2024: Nakala tatu

Sehemu ya mbele ya Beit al-Ajaib mjini Zanzibar, jengo la mwaka 1883, iliporomoka tarehe 25 Desemba 2020, na tangu wakati huo hakuna kati yetu anayeamini jengo moja. Kila ulimwengu sasa una nakala tatu: moja Wete, moja kwa jamaa Mkoani, na moja Unguja. Tulitaka mahali hapo patofautiane kwa hatari zake, na kwa kweli vyote vitatu ni visiwani na vina unyevu ule ule, kwa hiyo tunatafuta mtu wa Dodoma. Kudurufu na vifurushi vya boti vimegharimu shilingi 70,000. Vibao vya udongo vilivyofungwa kwa gazeti vilivunjika bandarini. Vilivyofungwa kwa makumbi vilifika.

22 Desemba 2024: Hesabu na kazi iliyobaki

Kwa mwaka mzima, pamoja na kodi ya shilingi 720,000, tumetumia shilingi 1,727,000 kati ya 1,800,000 tulizochanga. Zilizobaki zimetengwa kwa nakala ya nne.

Kazi moja haijapata ufumbuzi. Wanafunzi wa Agosti wamerudi na kutaka kuandika kibao cha mlangoni kwa hati ya Moto, na neno walilolichagua ni maktaba. Ukiacha ile m isiyo na irabu, hati yetu ina silabi zinazoishia kwa irabu tu, kwa hiyo k iliyosimama peke yake haina alama. Wengine wameandika ma-ka-ta-ba, kama makarani wa Krete walivyoandika Knossos kwa ko-no-so, na wengine wanataka alama mpya ya kufuta irabu, kama sukuni ya Kiarabu. Njia ya kwanza haigusi vibao vilivyokwisha kuchomwa lakini itampotosha msomaji asiyetujua. Ya pili ni sahihi, na inadai ufunguo wa majina uongezwe mji wenye silabi ya namna hiyo, ambao hatujaupata Pemba. Kura itapigwa kikao cha Januari, na mpaka hapo mlango hauna kibao.